Mizani ya Mhakiki: Kanuni za Ushairi ni Sheria au ni Ada?

  

Tulipopita Zagayu, mkoani Simiyu, sehemu ambayo zamani ilihesabiwa katika wilaya ya Bariadi, kijana mmoja wa sekondari alitujia baada ya swala ya Alasiri akiwa na daftari mkononi. Lilikuwa daftari la tungo zake mwenyewe. Baadhi zilifuata utenzi, kwa vina na mizani. Nyingine hazikuwa na vina. Hizo zilikwenda kwa mapigo ya nyimbo za kulimia ambazo kijana huyu, Msukuma, alizisikia kwa babu yake shambani.

Akatueleza kwamba ustadhi mmoja alizitazama zile zisizo na vina akamwambia, "Haya si mashairi, ni maneno matupu." Mwalimu mmoja wa shule naye aliusoma utenzi wake wa mawaidha, akamwambia hauna uzito kwa sababu haugusi matatizo ya jamii. Kijana akatuuliza, "Sasa, shekhe, niache kutunga?"

Siku ile tulimwambia asiache, ila sababu hatukumpa, kwani zilihitaji maelezo marefu. Makala haya ndiyo jibu lake, na ni jibu kwa wengine walio katika hali kama yake. Watu wawili wamemhukumu kwa madhehebu mawili ya uhakiki, na huenda kila mmoja wao hajui kuwa ana madhehebu.

Uhakiki kwa Waislamu wa mwanzo

Waarabu huita elimu hii naqd. Asili ya neno hilo ni kazi ya mtu wa sokoni anayezichambua dirhamu, nzima akaziweka huku na za bandia kule. Sisi Waswahili tumechagua neno uhakiki, ambalo limetokana na haki na hakika. Maneno yote mawili yanamtaka mhakiki awe mwadilifu kabla hajawa mjuzi.

Kabla ya Uislamu, washairi walikuwa wakikutana katika soko la Ukadh, na An-Nabigha Adh-Dhubyani akipigiwa hema la ngozi ili awahukumu. Ulipokuja Uislamu, mlango wa ushairi haukufungwa. Mwisho wa Surat Ash-Shu'araa, aya ya 224 hadi 227, washairi wanalaumiwa, kisha wanatolewa katika lawama hiyo walioamini na kutenda mema. Wenye kujua Usuli watatambua kwamba istithnaa hii imesimama juu ya imani na vitendo. Haikusimama juu ya vina. Mtume (s.a.w.) alimwekea Hassan bin Thabit mimbari msikitini, na Ka'b bin Zuhair alipewa joho baada ya kusoma kasida yake.

Imepokewa kwamba Umar bin Al-Khattab (r.a.) alimsifu mshairi Zuhair kwa sababu hakuwa akiyatatiza maneno, wala hakumsifu mtu kwa jambo asilokuwa nalo. Hapo mna vipimo viwili: uwazi wa lugha na ukweli wa maana. Imamu Shafii (aliyefariki mwaka 204 Hijria) naye alilihesabu shairi kuwa ni maneno kama maneno mengine, zuri lake ni zuri na baya lake ni baya.

Kutoka hapo wanachuoni walijenga elimu kamili. Ibn Sallam Al-Jumahi (aliyefariki mwaka 231 Hijria) alichunguza mashairi yaliyobandikwa majina ya watu wa kale kwa uongo. Ibn Qutayba (aliyefariki mwaka 276 Hijria), ambaye alikuwa kadhi wa Dinawar, alikataa kumpendelea mshairi kwa ukale wake au kumdharau kwa upya wake, kwa hoja kwamba kila cha kale kilikuwa kipya katika zama zake. Qudama bin Ja'far alilipima shairi kwa lafudhi, mizani, kina na maana. Kisha akaja Abdul-Qahir Al-Jurjani (aliyefariki mwaka 471 Hijria), mwanachuoni wa Kishafii, akathibitisha kwamba uzuri hauko katika neno peke yake wala katika maana peke yake. Uko katika nadhmu, yaani namna maneno yanavyopangwa na kushikana.

Khalil hakutunga sheria

Tusimame kidogo kwa Al-Khalil bin Ahmad Al-Farahidi, mtu wa asili ya Oman aliyeishi Basra katika karne ya 2 Hijria. Huyu ndiye aliyeiasisi elimu ya arudhi. Alizikuta bahari 15, na Al-Akhfash akahesabiwa kuwa aliongeza ya 16. Swali letu ni hili: je, Al-Khalil aliwawekea washairi sheria?

Hakuwawekea. Washairi aliowapima wengi wao walikuwa wamekwisha kufa, na walitunga bila kuwa na kitabu chake. Alichofanya ni kusikiliza, kuhesabu na kupanga. Wanafiqhi huita kazi hiyo istiqraa, yaani kufuatilia mambo moja moja mpaka ipatikane kanuni ya jumla. Kanuni ya namna hii hueleza kilichokuwapo. Haiwezi kwa nguvu yake yenyewe kukizuia kitakachokuja. Mwenye kuligeuza elezo kuwa amri ameifanya ada kuwa wajibu, na sote tunajua hatari ya kosa hilo katika fiqhi.

Mgogoro wa ushairi kwetu

Mwaka 1954 kilitoka kitabu cha Kaluta Amri Abedi, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Mwandishi wake alizaliwa Ujiji, akawa Meya wa kwanza Mwafrika wa Dar es Salaam, kisha Waziri wa Sheria, na alifariki mwaka 1964. Kitabu hiki kina manufaa makubwa, kwani kiliwawekea wanafunzi kwa maandishi mambo ambayo malenga waliyajua kwa kusikia. Lakini wasomaji wengi walilichukua neno "sheria" lililo katika anwani kama anavyolichukua kadhi.

Katika miaka ya 1970 wakatokea vijana wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, alitoa Kichomi mwaka 1974. Mulokozi na Kahigi wakatoa Malenga wa Bara mwaka 1976. Walisema ushairi waweza kusimama bila vina na mizani ya kimapokeo, na kwamba makabila ya bara yana tungo zao ambazo hazikupita njia ya pwani. Wanamapokeo wakasema huko ni kuubomoa ushairi. Maneno yakawa makali, hata Jumanne Mayoka akakiita kitabu chake Mgogoro wa Ushairi na Diwani ya Mayoka.

Tukipima kwa uadilifu, tunaona kila upande ulikuwa na haki na ulikuwa na kosa.

Wanamapokeo walikuwa na haki ya kulinda amana. Utendi wenye vipande vinne vya mizani nane nane ndio uliobeba sira, mawaidha na tarehe kwa karne kadhaa, tangu Utendi wa Tambuka hadi Utendi wa Mwanakupona wa mwaka 1858. Anayeyaita hayo minyororo hajui yalivyosaidia watu kuhifadhi elimu kifuani. Kosa lao lilikuwa kuifanya bahari moja kuwa ndiyo bahari zote. Ibrahim Noor Shariff, katika Tungo Zetu (1988), aliwakumbusha watu kwamba shairi ni moja tu kati ya bahari nyingi za Waswahili wenyewe.

Wanamabadiliko nao walikuwa na haki kusema kwamba watu wa bara wana ushairi wao. Kosa la baadhi ya waliowaunga mkono lilikuwa kudai kwamba vina na mizani ni mambo ya Waarabu tu. Arudhi ya Kiarabu hupima kwa silabi ndefu na fupi, ilhali Kiswahili huhesabu idadi ya silabi. Waswahili walichukua, wakageuza, wakajenga chao. Vilevile haikuwa kweli kwamba vina huzuia fikra kali. Abdilatif Abdalla alitunga Sauti ya Dhiki, iliyochapishwa mwaka 1973, akiwa mfungwa wa kisiasa nchini Kenya, na aliitunga kwa vina na mizani.

Madhehebu yaliyotoka Ulaya

Mwalimu wa kijana wetu naye hakuanza mwenyewe. Huko Ulaya, Plato aliwashuku washairi na Aristotle akawatetea. Katika karne ya 20 madhehebu yaliongezeka. Wanaumbo wa Urusi waliitazama lugha ya kazi yenyewe, nao wanatukumbusha Dhahiriyya kwa jinsi walivyoshikamana na matini. Wafuasi wa Karl Marx waliuliza kazi inamtumikia nani katika jamii. Wanamuundo walitafuta mfumo ulio chini ya maneno. Mwaka 1967 Mfaransa Roland Barthes alimwondoa mtunzi na kumpa msomaji nafasi yake. Ulinganisho huu na madhehebu ya fiqhi una mpaka, kwani fiqhi ina wahyi nyuma yake, na haya ni rai za watu.

Kwetu Tanzania, baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, mtazamo wa kijamii ndio uliopata nguvu vyuoni na ukashuka mpaka mashuleni. Kuuliza utungo unasema nini juu ya wanyonge ni swali la haki. Ubaya huja mtu akilichukua swali hilo bila kuusoma utungo wenyewe.

Ibn Rushd, kadhi wa Qurtuba na mwandishi wa Bidayatul-Mujtahid, aliwahi kukisherehesha kitabu cha Aristotle juu ya ushairi. Tamthilia za Wayunani hakuziona. Basi tragedia ikaelezwa kuwa ni madihi, na komedia kuwa ni hijaa. Alikuwa bahari ya elimu, lakini nadharia ilikuwa imemfikia bila kile kitu ilichopimia. Ikiwa hayo yalimpata yeye, sisi tunaobeba nadharia za watu tujihadhari zaidi.

Turudi Zagayu

Usukumani uhakiki upo tangu zamani. Baada ya mavuno, Wagika na Wagalu hushindana kwa ngoma, na watu huhama kutoka kwa manju mmoja kwenda kwa mwingine. Miguu yao ndiyo hukumu. Hapa mhakiki Mwislamu ana kazi ya kutenganisha mambo. Dawa za kuvutia watu na uganga unaoingizwa humo vina hukumu yake, na hatuvihalalishi. Lakini wimbo wa kumtia moyo mkulima kwenye jembe hauharamiki kwa kuwa tu hauna vina, wala kwa kuwa ni wa Kisukuma.

Sasa tuseme juu ya daftari. Tungo zake za jembe ni ushairi. Zina pigo, zina kibwagizo kinachorudi mahali pake, na maneno yake yameshikana. Ustadhi angesema kwamba hizi si bahari ya shairi, angesema kweli. Aliposema ni maneno matupu, alivuka mpaka.

Utenzi wake una beti kumi na mbili zinazomwonya mnunuzi anayempunja mkulima kwenye mizani ya pamba, na kumkumbusha Siku ya Hesabu. Mkoa wa Simiyu unaishi kwa pamba. Ikiwa dhuluma ya mizani si tatizo la jamii, lipi litakuwa? Qur'ani ina sura nzima iliyoitwa kwa jina la wapunjaji, Al-Mutaffifin. Mwalimu aliona neno Akhera, akadhani dunia haimo. Hata kwa madhehebu yake mwenyewe hakumpa kijana haki yake.

Hatumsifu kwa asilokuwa nalo. Katika beti kadhaa ametia neno kwa ajili ya kina tu, na maana ikavunjika. Baadhi ya tungo za jembe ni ndefu kuliko pumzi ya mtu anayelima. Hayo atayarekebisha.

Nasaha yetu kwa wenye kuhukumu tungo za vijana ni tatu. Kwanza, utungo upimwe kwa bahari yake. Pili, usomwe mpaka mwisho kabla ya kuulizwa maswali ya nje. Tatu, hukumu ya halali na haramu isichanganywe na hukumu ya zuri na baya, kwani kila moja ina dalili zake. Mnunuzi wa pamba akichezea mizani, mkulima hupoteza kilo. Mhakiki akiichezea yake, umma hupoteza mtunzi.

Nawe kijana, usiache. Wallahu a'lam.