Mkono wa Nyani: Nani Aliyemuua Herbert?

Wengi wetu tukishasoma "The Monkey's Paw", hadithi fupi ya W. W. Jacobs (1902), tunakimbilia methali: tamaa mbele, mauti nyuma. Basi, dhamira imepatikana, tunafunga kitabu. Mimi nakataa.

Hebu tumtazame mzee White. Ana tamaa gani? Anaposhika ule mkono mkavu wa nyani, wenye kutimiza maombi matatu, anakiri kwamba haoni anachokosa. Ni mwanawe Herbert, tena kwa utani, anayemshauri aombe pauni 200 amalizie deni la nyumba. Jamani, kulipa deni nako ni tamaa?

Kesho yake Herbert ananaswa na mashine kazini, anakufa. Mjumbe wa kampuni anakuja na kueleza kwamba wao hawahusiki, kisha anatoa kifuta machozi: pauni 200 zilezile. Kwangu mimi, hapa ndipo uzito wa hadithi ulipo, kuliko hata ile hodi ya kutisha ya usiku. Mzee aliomba fedha tu. Aliyepanga kwamba Herbert ana thamani ya pauni 200 ni mwajiri.

Jacobs anatuelekeza kwa fakiri wa India, koloni la Uingereza wakati ule, kana kwamba balaa lazima litoke mbali. Lakini mashine ilikuwa Uingereza. Tukishikilia methali yetu, ndugu msomaji, tunawalaumu wafiwa, na kampuni inaondoka bila kuulizwa hata swali moja.