Sarufi ya Kiayalandi: Uanze na Ipi?
Sarufi ya Christian Brothers inafaa kwa mtihani, basi. Inafuata usanifu wa 1958, kanuni zimepangwa vizuri, lakini humo ndani husikii mtu akiongea. Learning Irish ya Mícheál Ó Siadhail (1980) ni ngumu zaidi, tena inafundisha lahaja moja tu, ya Cois Fharraige huko Connemara. Usanifu unaandika “táimid”, tuko. Wenyeji wanasema “tá muid”. Sisi tuliosahihishwa shuleni kwa Kiswahili kilichojengwa juu ya Kiunguja, na Mombasa wana Kimvita chao, hii stori tunaijua. Ningeanza na Ó Siadhail, ile nyingine niichungulie nikitaka kuandika. Ila usinunue bila rekodi zake za sauti: macho peke yake hayatakuambia “bhean” inaanza na v.