Nyumba inasema, watu wananyamaza

Tumezoea kuuliza juu ya kila sinema: inafundisha nini? Juu ya Imfura, filimu fupi ya Samuel Ishimwe, Munyarwanda, tuulize kwanza: inanyamaza nini? Ilipewa zawadi ya Dubu wa Feza huko Berlin, mwaka wa 2018.

Habari yake ni nyepesi. Kijana Gisa anafika katika mugini wa mama yake, aliyepotea katika mauaji ya 1994. Anakuta gofu la nyumba ya mama, na jamaa wanaogombana juu yake. Basi. Lakini kila neno juu ya nyumba ni neno juu ya mama, na kumutaja mama ni kugusa kidonda.

Jina la filimu linatufungulia mulango. Kwa Kinyarwanda, imfura ni muzaliwa wa kwanza. Ni tena mutu wa heshima, mwenye kujizuia. Muzaliwa wa kwanza ana haki ya kudai. Mutu wa heshima ananyamaza. Gisa afuate lipi? Uzito wote uko hapo.

Wengine watalaumu kwamba maelezo ni haba. Ni kweli kwamba kijana asiyejua mambo ya 1994 anaweza kuona ugomvi wa kiwanja tu. Hata hivyo tunaisifu: muntunzi hakutia kinywani mwa jamaa hawa maneno ambayo watu wa namna yao hawawezi kuyasema.

Watu wa Birere hawatahitaji kufasiriwa sana. Gisenyi iko ng’ambo ya mpaka tu. Tena, tarehe 17 Januari 2002, moto wa Nyiragongo ulipita katika Goma, ukateketeza sehemu ya Birere na kanisa kuu la Mutakatifu Yosefu. Watu wakajenga tena juu ya mawe yale yale. Parseli moja, ndugu wengi, na majina ya wafu yasiyotajwa: mambo hayo tunayafahamu.

Basi ninyi wakatekista, na ninyi mapadri wa kesho, mutaitwa kupatanisha jamaa za namna hii. Musikimbilie kupima mipaka ya parseli. Muulize polepole: nani aliyekaa hapa mbele? Kisha mungojee. Kuna kimya cha heshima, na kuna kimya cha maumivu. Anayevitendea kwa namna moja ataponya karatasi za kiwanja, wala si ndugu.