Bega la Mkata Shawarma

Miongoni mwa viungo vyote vya mwili wa binadamu, hakuna chenye uhuru wa kwenda kama kiungo cha bega, wala hakuna kiungo kikubwa kinachoteguka mara nyingi kama hicho, na sifa hizo mbili zina asili moja. Kichwa cha mfupa wa mkono wa juu, uitwao humerasi, ni cha mviringo kama limau kubwa, ilhali kishimo kinachokipokea, kilichoko pembeni mwa kombe la bega, hakina kina cha kikombe bali ni cha ubapa wa kisahani, kiasi kwamba ni robo hadi theluthi tu ya kichwa hicho inayogusana nacho kwa wakati mmoja. Nyonga imezama ndani ya shimo lake, ndiyo maana hubeba mwili mzima bila kuyumba. Bega, kwa upande wake, hushikiliwa na misuli na kano kuliko linavyoshikiliwa na mifupa, na kwa hiyo mkono wenye ustadi ni, kabla ya yote, misuli iliyofundishwa kazi.

Miendo miwili ya kiungo hiki ndiyo inayohusika hapa. Wa kwanza ni kuutenga mkono na kiwiliwili kwa kuuinua upande, mwendo ambao wataalamu huuita abdaksheni, na wa pili ni kuukaribisha tena ubavuni, au kuupitisha mbele ya kifua, ambao huitwa adaksheni. Maneno yote mawili yamejengwa juu ya kitenzi kimoja cha Kilatini chenye maana ya kuongoza, moja likiongoza kwenda mbali na jingine likiongoza kuja karibu. Kiswahili kinajitosheleza kwa kutenga na kukaribisha, na pengine kinaeleza zaidi, kwa kuwa mtu hukaribisha kile anachokithamini.

Mkono unaotengwa kutoka ubavuni hadi juu ya kichwa husafiri nyuzi 180, lakini safari hiyo haifanywi na kiungo kimoja. Nyuzi 120 hivi hutokea pale humerasi inapokutana na kishimo chake, na 60 zilizobaki hutokana na kombe la bega lenyewe, ambalo huteleza na kupinda juu ya mbavu huku mtulinga ukinyanyuka pamoja nalo. Ernest Codman, daktari wa upasuaji wa Boston aliyechapisha kitabu kizima kuhusu bega mwaka 1934, aliyaita mashirikiano hayo mahadhi ya kombe na mkono, na mwaka 1944 Verne Inman na wenzake wakaeleza kipimo chake cha mbili kwa moja. Neno la muziki limestahili mahali pake, kwani mtu akiweka kiganja juu ya kombe la bega la mwenzake anayeinua mkono polepole, atahisi mfupa ukitulia kidogo mwanzoni, kisha ukifuata mkono kama mwitikiaji anayemfuata mwimbishaji.

Nguvu ya kuinua hutoka hasa kwenye deltoidi, msuli mnene uliolifunika bega kama kofia. Deltoidi, hata hivyo, ingeachwa peke yake ingekivuta kichwa cha humerasi moja kwa moja juu, kikagonga akromioni, yaani ubao wa mfupa uliolitandia bega kama paa. Misuli minne midogo inayotoka kwenye kombe ndiyo inayokibana kichwa hicho ndani ya kisahani chake, na mmojawapo, supraspinatasi, hupitisha kano yake katika uchochoro mwembamba ulio chini ya paa hilo. Mkono ukikaribia usawa wa bega, humerasi hulazimika pia kujizungusha kuelekea nje ili nundu yake ipite bila kukwama, jambo ambalo yeyote anaweza kulithibitisha kwa kuinua mkono upande huku kiganja kikitazama chini, kisha akakigeuza kitazame juu na kuona njia ikifunguka.

Mahali pa kuyaona haya yakifanya kazi ni Edgware Road, barabara ya London inayoanzia Marble Arch na kuelekea kaskazini-magharibi kwa unyoofu iliourithi kwa Warumi. Tangu miaka ya 1970, Walebanoni waliokimbia vita vilivyoanza kwao mwaka 1975, pamoja na Wamisri, Wairaki na watu wa Ghuba, wameijaza migahawa, maduka ya juisi na harufu ya shisha. Maroush, mmojawapo wa migahawa yake mashuhuri, ulifunguliwa mwaka 1981. Katika madirisha ya migahawa hiyo husimama chuma cha shawarma, neno lililotoka kwenye Kituruki likiwa na maana ya kugeuza, na mbele ya chuma hicho husimama mkataji.

Nyama imepangwa tabaka juu ya tabaka, pana juu na nyembamba chini, nayo huzunguka polepole mbele ya moto uliosimama wima. Mkataji hushika kisu kirefu kwa mkono mmoja na kibebeo cha bati kwa mkono mwingine, akakipandisha kisu hadi kileleni, kiwiko kikiwa kimetengwa na ubavu kwa nyuzi 70 au 80, kisha akakiteremsha kufuata mteremko wa nyama, akichukua ukoko ulioiva tu na kuiacha nyama mbichi iendelee kuzunguka. Vipande huanguka kwenye bati vikiwa vyembamba kiasi cha kupitisha mwanga pembezoni. Mtazamaji hudhani kwamba kazi imo kwenye ukali wa kisu, na ukali unahitajika kweli, lakini ustadi umo kwenye bega, tena umo kwenye kurudi kuliko kwenye kwenda.

Jambo hilo linahitaji kuelezwa vizuri, kwa sababu linapingana na fikra ya haraka. Mkono unaposhuka polepole, misuli ya adaksheni, yaani ule mpana wa mgongoni na ule mkubwa wa kifuani, haina kazi kubwa, kwa kuwa uzito wa mkono wenyewe unatosha kuushusha. Anayefanya kazi ni yule yule aliyeuinua: deltoidi hurefuka huku bado imekaza, kama mvuvi anayeachia kamba ya nanga pima kwa pima badala ya kuitupa. Misuli ya adaksheni huingia pale tu kisu kinapokutana na ukinzani wa ukoko mgumu, ikaongeza msukumo kidogo, kisha ikanyamaza. Kipande chembamba ni zao la makubaliano hayo kati ya misuli inayozuia na ile inayosukuma, na makubaliano hayo hufanyika upya kwa kila kipande.

Mtwangaji wa kinu wa pwani ya Afrika Mashariki hutumia kanuni nyingine: huinua mchi kwa nguvu zake, kisha huuachia uzito ufanye kazi, naye huongoza tu. Aliye karibu zaidi na mkata shawarma ni mkuna nazi aliyeketi juu ya mbuzi, ambaye kiwiko chake hakiendi mbali na ubavu na ambaye hulegeza mkono mara tu nazi inayokunwa inapoanza kuchanganyika na ganda. Wote wawili wanajua kuzuia.

Bega lisiloheshimiwa hulipiza. Mwaka 1977 Lipmann Kessel na Michael Watson walichapisha uchunguzi wao kuhusu tao la maumivu, hali ambayo mkono hauumi mwanzoni mwa kutengwa wala mwishoni, bali katikati, kati ya nyuzi 60 na 120, pale kano zinapobanwa chini ya akromioni. Sehemu ya juu ya kazi ya mkataji huangukia humo humo, na ndiyo sababu mkataji mzoefu hasimami mbali na nyama akanyoosha mkono, bali husogea karibu na kugeuza kiwiliwili chote, ili miguu na kiuno vifanye kile ambacho bega lingelazimika kukifanya peke yake. Visu vya umeme vyenye bamba la kuzunguka vimepunguza mzigo huo katika maduka mengi, na hakuna haki ya kumnyima mfanyakazi nafuu hiyo. Ila anayekata kwa kisu cha mkono bado anastahili kutazamwa kwa heshima ile ile anayopewa seremala wa Lamu mwenye tezo.

Usiku unapokwenda, nyama hukonda na mteremko wake huisha, ikabaki karibu wima kuzunguka chuma. Mkataji huisogeza karibu na moto, akangoja ukoko ufanye rangi, kisha kisu hupanda tena, mtulinga ukanyanyuka na kombe likafuata, na kiwiko kikarudi ubavuni bila haraka.