Kazimoto Katika Nyumba ya Baba Yake

Huenda wengi wenu mwadhani kwamba upweke ni jambo la mtu akaaye peke yake: mjane katika kibanda chake, au mgeni katika mji wa watu. Kitabu kiitwacho Kichwamaji, alichokitunga Euphrase Kezilahabi na kupigwa chapa mwaka 1974, chatuonyesha upweke wa namna nyingine, ulio mgumu zaidi kutambulika.

Kazimoto ni mwanafunzi wa Chuo Kikuu, naye amerudi nyumbani Ukerewe, kisiwa kile kile alichozaliwa mwandishi mwaka 1944. Baba yupo, mama yupo, ndugu wapo. Hakosi mtu wa kusema naye; amekosa neno la kumwambia. Elimu imemwondolea imani ya wazee wake, wala haikuweka kitu mahali pake. Na chuki yake juu ya Manase, aliyemharibu Rukia umbu lake, haikumzuia kumwoa Sabina, umbu la Manase huyo huyo. Moyo wa namna hiyo utatulia wapi?

Twayajua mashindano hayo kwa kuwa mwandishi amemwachia Kazimoto asimulie mwenyewe. Hilo nalisifu kuliko yote. Hakuna msimulizi wa nje wa kutupumzisha. Tumefungiwa ndani ya kichwa chake, na mara nyingi msomaji atatamani kutoka. Mimi nalikifunga kitabu mara mbili, nikaenda kupalilia, nikarudi. Pengine Kazimoto huhutubu mno, kama sisi walimu tufanyavyo, lakini hata hilo ni tabia ya mtu asiye na wa kumjibu.

Ila nina neno na mwandishi juu ya mwisho. Mtoto wa Kazimoto azaliwa na kichwa kikubwa kupita kiasi, kama yule wa Manase, kisha Kazimoto ajiua. Najua jina la kitabu ladai hivyo. Lakini mtu aliyeshindana na nafsi yake kurasa nyingi amekuja kuangushwa na ugonjwa, na vita vyenyewe vimeachwa bila kupiganwa hata mwisho. Ningalipenda kumwona akiishi mwaka mmoja zaidi kando ya Sabina, akijaribu kumwambia mkewe yale yote aliyotuambia sisi tusiomjua.