Tembo, Nyasi na Kunguru: Uhakiki wa Methali Moja katika Mjadala wa Vita vya Ogaden

Maandishi ya Kiswahili kuhusu Vita Baridi barani Afrika yana methali yake: wapiganapo tembo wawili, ziumiazo ni nyasi. Hutajwa katika hotuba, tahariri na hata tasnifu, mara nyingi mwishoni mwa hoja, kana kwamba yenyewe ni ushahidi. Kifasihi haina kasoro: ni fupi, ina taswira, na huruma yake iko upande wa mnyonge. Wala haikosi mahali pake. Wanakijiji wa Laos walioangushiwa mabomu ya Marekani kati ya 1964 na 1973 walikuwa nyasi kweli. Udhaifu huanza inapogeuzwa kuwa nadharia ya mahusiano ya kimataifa, kwa maana nyasi hazina mdomo wa kuomba silaha wala mkono wa kutia sahihi mkataba.

Vita vya Ogaden vya 1977 na 1978 vinaianika kasoro hiyo. Julai 1974 Somalia ilitia sahihi mkataba wa urafiki na Umoja wa Kisovieti, ambao manowari zake zilihudumiwa katika bandari ya Berbera. Ethiopia ya Haile Selassie ilikuwa upande wa Marekani, yenye kituo cha mawasiliano cha Kagnew huko Asmara. Mfalme akapinduliwa Septemba 1974. Mengistu Haile Mariam alipojitwalia madaraka Februari 1977, hakukawia: Aprili aliamuru Kagnew ifungwe, na Mei alikuwa Moscow. Julai jeshi la Somalia likaivamia Ogaden. Tarehe 13 Novemba Siad Barre akawafukuza washauri wa Kisovieti na kuufuta mkataba. Tembo walibadilishana viwanja, lakini waliowabadilishia ni hao wanaoitwa nyasi.

Kuna tukio moja ambalo methali haina namna ya kulieleza. Machi 1977 Fidel Castro aliwakutanisha Siad Barre na Mengistu mjini Aden, akapendekeza shirikisho la Somalia, Ethiopia na Yemen ya Kusini. Siad Barre alikataa. Moscow ilitaka kuwa na wote wawili. Ikashindwa kwa kuwa Mogadishu ilikuwa na lengo lake la kuwakusanya Wasomali wote chini ya bendera moja, lengo lililokuwapo kabla ya urafiki na Wasovieti. Kenya ililitambua mapema, ikawa na mkataba wa ulinzi na Ethiopia tangu miaka ya mwanzo ya uhuru. Haikuuacha hata Addis Ababa ilipogeukia Umaksi, ingawa Nairobi ilikuwa rafiki wa nchi za Magharibi. Januari 1979 nchi hizo mbili zilitia sahihi mkataba mwingine wa urafiki. Msomaji anayezipanga nchi za Afrika kwa kambi za tembo atashindwa kuueleza uamuzi huo. Mpaka wa Kenya na Somalia unaueleza.

Hazina ya methali za Kiswahili ina nyingine inayokaribia ukweli zaidi: vita vya panzi, furaha ya kunguru. Humo ugomvi ni wa wadogo na faida ni ya mkubwa. Inawafaa Wasovieti waliosafirisha silaha nyingi kwa ndege kuanzia mwishoni mwa 1977, na Marekani iliyopata ruhusa ya kuitumia Berbera mwaka 1980. Hata hivyo kunguru naye hakushiba: Moscow ilipoteza bandari, na uhusiano wake na Washington ukazidi kuharibika.

Kasoro iliyo nzito zaidi imo katika neno nyasi lenyewe. Umoja wake, unyasi, hausikiki sana; methali huiona nchi ndogo kuwa zulia moja la kijani, rais na mfugaji ndani yake bila tofauti. Jijiga ilipotwaliwa tena na Waethiopia pamoja na Wacuba Machi 1978, mamia ya maelfu ya watu wa Ogaden walijikuta wakimbizi nchini Somalia. Siad Barre alibaki madarakani hadi Januari 1991, na Mengistu hadi Mei mwaka huohuo. Kuwaita wote hao nyasi ni kumpa aliyeamuru vita nafasi katika orodha ya waathirika wake.

Kwa washauri wa sera, jambo hili si la mtindo tu. Leo Djibouti ina kambi za Marekani, Ufaransa, Japani, Italia na, tangu 2017, China, na serikali hukusanya kodi ya pango. Ripoti inayoanza kwa kusema nchi hiyo imebanwa kati ya tembo imekwisha kuruka maswali mawili: nani alikaa mezani mikataba hiyo ilipojadiliwa, na kodi inaingia katika mfuko wa nani.