Mhalifu wa Sauti Kavu: Mr. Freeze na Hadhira Yake

Wapo wanaoshikilia kwamba katuni ni mambo ya watoto, hivyo tanzia haina makazi humo. Siafiki. Chukua "Heart of Ice", kipindi cha Batman: The Animated Series kilichoandikwa na Paul Dini na kuongozwa na Bruce Timm, 1992. Kwa dakika zipatazo 22 tu, mhalifu anatutoa machozi. Kulikoni?

Alipoibuka katika majarida ya katuni, 1959, jamaa huyu aliitwa Mr. Zero, mhusika bapa kabisa: mwizi mwenye bunduki ya barafu, basi. Dini anampa mke, Nora, mgonjwa aliyegandishwa akisubiri tiba. Mkuu wa kampuni, Ferris Boyle, anaukatiza utafiti kwa ajili ya fedha. Anampiga teke Victor Fries, naye anaangukia meza ya kemikali. Tangu hapo hawezi kuishi ila kwenye baridi kali. Na Boyle huyo huyo ndiye anayetunukiwa tuzo ya utu! Kinaya hiki kinatuchagulia upande mapema.

Wengi husema twajitambulisha na Freeze kwa kuwa ameteseka. Haitoshi. Wanaoteseka katika katuni ni wengi, na tunawacheka. Nguvu, kwa maoni yangu, iko kwenye sauti. Michael Ansara anaitamka huzuni kikavu, kama mtu anayesoma orodha ya vifaa vya stoo. Sauti yake hailii, hivyo kazi ya kulia anatuachia sisi. Sauti hiyo ingelia, tungemhurumia kwa mbali tu; na kumhurumia mtu si sawa na kujiona ndani yake. (Shujaa mwenyewe, Batman, ana mafua, na anashinda kwa chupa ya supu ya kuku. Uzito wote umeachiwa adui.)

Lakini jamani, huruma hii ina gharama. Kijana mmoja wa genge lake anaganda miguu; Freeze anamtelekeza pale pale, na ni Batman anayemtibu. Nani anamkumbuka? Na Nora je? Hasemi neno. Mwishoni Freeze, kifungoni Arkham, anaomba radhi mbele ya kisanamu cha mcheza baleti, nasi twaguswa, ilhali hatujaambiwa popote kama Nora alikitaka kisasi hicho. Dini angempa mama yule sentensi moja tu, sidhani kama tungebaki sote upande wa mumewe.